Walioanguka Bila Sauti

Kosa langu la kwanza lilikuwa kuamini kwamba mtu asiyepiga kelele hajaumia. Nilikuwa na miaka tisa nilipoliamini hilo, na sikuliokota tu njiani. Nilijifundisha mwenyewe, kwa bidii, kama ninavyojifundisha kila kitu. Sentensi hiyo ya kwanza nimeiandika na kuifuta mara nyingi. Mara naiona nyepesi mno, mara naona inanionea huruma. Nimeamua ibaki ilivyo, kwa sababu nikiendelea kuisahihisha sitafika kwenye shimo, na shimo ndilo ninalotaka kulifikia.

Wiki iliyopita jirani yangu wa chumba cha pili, hapa Biharamulo mjini ninapopanga, aliletewa ndizi kutoka kwao. Zilikuwa zimeivishwa kwa moshi. Nilikuwa nimekaa kitandani nakata video kwenye simu, maana siku hizi natengeneza video fupi za kuchekesha zisizo na maneno: mtu anateleza, anagongwa na mlango, anamwagikiwa na unga. Harufu ikaingia kwa chini ya mlango, utamu mzito wenye majivu ndani yake. Vidole vyangu vikaacha kufanya kazi kabla sijajua kwa nini. Kijana aliyekuwa anaanguka kwenye simu akabaki hewani, miguu juu, na sikuweza kumshusha.

Nililelewa na bibi, mama yake baba, katika kijiji kilicho chini ya mlima wa Ngara mjini. Nyumba ilikuwa katikati ya migomba, imezingirwa kiasi kwamba mchana ndani kulikuwa na mwanga wa kijani. Tulikuwa watatu: bibi, mimi, na baba mdogo, aliyekuwa anaendesha bodaboda mjini na kurudi jioni na mkate au habari. Siku moja alirudi na televisheni kuukuu, deki, na CD moja isiyo na jalada. Alivifunga nyuma ya pikipiki kwa mpira, akashuka navyo ule utelezi wa nyumbani polepole kama mtu aliyebeba mgonjwa.

CD ile ilikuwa na filamu fupi za zamani sana, nyeusi na nyeupe. Wanaume wa kofia na makoti walikuwa wakikimbia kwa haraka isiyo ya kawaida, wakipigana vikumbo, wakiangushiana ndoo za rangi. Mmoja alibeba ubao mrefu begani. Kila alipogeuka ubao ulimpiga mwenzake kichwani, na mwenzake aliponyanyuka, ubao ukarudi. Mwingine alipanda ngazi isiyoegemea kitu. Na palikuwa na mmoja mnene aliyekuwa akitembea kinyumenyume barabarani, akimpungia mtu mkono, mpaka akatumbukia kwenye shimo lililokuwa wazi. Barabara ikabaki tupu. Kisha, ukihesabu mpaka sita, kichwa chake kilitokea, kofia ikiwa bado imekaa sawasawa.

Hazikuwa na sauti. Hata muziki haukuwepo. Midomo ilifunguka, watu walianguka kutoka juu ya paa, na nyumba yetu ilibaki kimya, tunasikia kuku wakichakura nje.

"Spika zimeungua," baba mdogo alisema siku ile ya kwanza. "Yule jamaa kaniuzia maiti."

Kila Jumapili baada ya kanisa alifungua televisheni kwa bisibisi, akapuliza vumbi, akaunga waya na kuukata tena. "Huu ndio mkorofi," alisema. Halafu, "Hapana, ni huu." Bibi alikuwa akipita na kutazama wale watu wakianguka, na hakucheka. Kiswahili chake kilikuwa cha sokoni tu. Nyumbani tulizungumza Kihangaza. Aliniambia kwamba watu wanaoanguka hivyo bila kulia wamefungwa midomo na mtu, na kwamba haifai kuwatazama mno.

Mimi niliwatazama mno. Niliwatazama mpaka nikajua hesabu ya kila anguko: hatua ngapi, mkono upi unatangulia, kichwa kinaelekea wapi. Niliandika kwenye daftari la hesabu, nyuma. Na kwa kuwa hakuna aliyeniambia vinginevyo, nikajieleza mwenyewe kile kimya. Spika huenda ziliungua kweli, lakini mimi niliona jambo ambalo baba mdogo hakuliona: nyuso zao. Mtu alipigwa ubao, akakaa chini, akapepesa macho, akanyanyuka. Hakuna anayenyanyuka namna hiyo kama ameumia. Kumbe, niliwaza, kuumia kunaanza pale unapopiga kelele. Ukizuia sauti, maumivu hayapati mlango wa kutokea, yanarudi yalikotoka. Nilijaribu. Nilijiangusha kwenye majani makavu ya migomba, nikauma midomo, na kweli sikuumia sana. Nikaona nimegundua siri ya wale watu.

Likizo ile akaja Kabula. Alikuwa mtoto wa shangazi yangu aliyeolewa Kaniha, huko wilaya ya Biharamulo, kwa Wasukuma waliohamia na ng'ombe wao. Kabula alikuwa na miaka saba. Alijua Kisukuma na Kiswahili cha shule. Kihangaza hakujua hata cha kuombea maji. Bibi akimwambia kitu, alinigeukia mimi, na mimi nikamwambia Kabula. Bibi alinikabidhi kazi hiyo siku ya kwanza, mbele ya shangazi, na niliipokea kwa majivuno. Nilikuwa mdomo wa bibi.

"Kwetu kuna ng'ombe," Kabula aliniambia alipomaliza kuzunguka uwanja. "Hapa kuna nini? Migomba tu. Mnachunga migomba?"

"Kwenu mtu akianguka anaangukia mavi."

"Mavi ni laini. Wewe ukianguka hapa unalia."

"Mimi silii."

"Unalia. Una uso wa kulia."

Nikamwonyesha zile filamu. Alicheka mpaka akalala sakafuni akipiga miguu. Yule mnene alipotumbukia shimoni, alinishika mkono, akabana pumzi, na kichwa kilipotokea akapiga kelele ya furaha iliyomleta bibi kutoka jikoni. Kesho yake tukaanza kuigiza. Yeye alikuwa bora kuliko mimi. Hilo nalisema sasa, wakati ule nisingelisema. Mimi nilianguka kwa kuhesabu. Kabula alianguka kama kitu kilichoachiwa.

"Wewe unaanguka kama gunia la mihogo," aliniambia. "Unajipanga kwanza. Gunia halijipangi."

Nilichukia, kwa hiyo nikatunga sheria. Nilimwambia wale watu wana siri, na siri yenyewe ni kwamba anayetoa sauti ameshindwa. Kicheko kimeshindwa, kilio kimeshindwa, hata "aah" imeshindwa. Nilijua yeye ni mtoto wa kelele, na kwamba hapo nitamshinda. Lakini Kabula aliipokea sheria ile kwa uzito ulionishangaza. Ndani ya siku mbili alikuwa anaanguka kutoka kwenye kinu kilicholazwa, anagonga goti kwenye jiwe, na macho yanajaa maji bila midomo kufunguka. Na kila alipomaliza, nilimwambia neno moja: rudia. Mkono ulichelewa, rudia. Ulitazama chini kabla ya kuanguka; rudia. Sikuwa mkali. Nilisema kwa upole, kama mwalimu anayetaka kazi itoke safi, na yeye alirudia, na majani makavu yalilia chini yake badala yake.

Baba mdogo alikuwa anakwenda kuposa. Pombe ya ndizi ikatakiwa, nayo haitengenezwi kwa haraka. Ndizi zinakatwa mbichi, zinafukiwa kwenye shimo, zinaivishwa kwa joto na moshi siku kadhaa, ndipo zinakamuliwa. Shimo la bibi lilikuwa pembeni ya shamba, lenye kina cha kumfika mtu mzima kifuani. Asubuhi ile bibi na baba mdogo waliwasha moto ndani yake kwa majani makavu na magogo ya kahawa, ukawaka mpaka kuta za udongo zikabadilika rangi. Ulipokwisha na kubaki makaa, wakalaza vijiti juu ya mdomo wa shimo na kufunika kwa majani mabichi ya migomba, joto lisitoke wakati wao wanakwenda kukata ndizi. Moshi mwembamba ulipenya kati ya majani na kutambaa chini, haukupanda. Nakumbuka hilo kwa sababu ilikuwa siku isiyo na upepo kabisa, na moshi usiopanda una namna ya kuonekana unatafuta kitu.

Bibi alinishika bega kabla ya kuondoka na panga lake. Aliniambia kwa Kihangaza, polepole, kama alivyozungumza akitaka jambo likae: msifike kule kwenye shimo, majani yale hayana kitu chini yake, mwambie mwenzako. Kabula alikuwa amesimama hapo hapo, anamtazama bibi mdomoni, kisha akanitazama mimi akisubiri.

"Amesemaje?"

Nilikuwa nimebeba mti mrefu wa kuangushia maparachichi. Kichwani nilikuwa na ule mchezo wa ubao. Nilikuwa nimeufanyia kazi usiku kucha kitandani, nikijua nani ageuke lini. Maneno ya bibi yalikuwa mafupi. Yangechukua muda wa kumeza mate.

"Amesema tusiharibu majani," nikamwambia. "Njoo. Simama hapa."

Nimejiuliza mara nyingi kama nilisahau nusu ya maneno yale au niliyaacha. Ningependa kuandika kwamba nilisahau. Sikusahau. Niliona tu kwamba nikisema kuhusu shimo, Kabula angetaka kwenda kulitazama, na mchezo wangu ungeharibika.

Tuliufanya mara tatu. Nilikuwa na mti begani, nageuka, yeye anainama, unapita juu. Nageuka tena, unamgusa kifuani, anarudi nyuma hatua nne na kuanguka. Mara ya kwanza alianguka mapema. Rudia. Mara ya pili tulikuwa tumesogea, maana kila mara tulianza pale tulipoishia. Rudia. Mara ya tatu nilimwambia arudi nyuma hatua nyingi zaidi, na asitazame nyuma hata kidogo, kwa sababu yule mnene hakutazama. Nilikuwa nikimtazama miguu, nikihesabu. Moja, mbili, tatu, nne. Mikono yake ilikuwa juu, anapunga, uso umenyooka kama wa mtu mzima. Tano.

Akatoweka.

Majani yalishuka pamoja naye, kisha vumbi la majivu likapanda kidogo na kutua. Hakukuwa na sauti yoyote zaidi ya vijiti kuvunjika. Na mimi nilicheka. Lazima niliandike hili bila kulizungusha: nilicheka kwa furaha, kwa sababu lilikuwa anguko safi kuliko yote niliyowahi kuona, ndani ya televisheni au nje. Nikaweka mti chini nikaanza kuhesabu. Nilipofika sita, kichwa hakikutokea. Nikahesabu upya, polepole zaidi, nikidhani nimehesabu haraka mno. Moshi sasa ulikuwa mwingi. Nilihesabu mpaka sita mara ambazo sijui idadi yake. Sikusogea. Niliona kwamba nikienda kuchungulia nitakuwa nimeharibu, na yeye atakuwa amenishinda mbele ya macho yangu.

"Rudia," nikasema mwishoni, kwa sauti ndogo.

Bibi ndiye aliyefika, mkungu wa ndizi kichwani. Aliniona nimesimama peke yangu.

"Mwenzako yuko wapi?"

Nilinyoosha kidole, na uso wangu ulikuwa bado unatabasamu. Sijui kama aliona shimo kwanza au tabasamu. Mkungu ulianguka ulivyoanguka. Sauti aliyoitoa bibi sijawahi kuisikia tena kwa mtu yeyote, na baba mdogo akatokea katikati ya migomba akikimbia, akaingia shimoni na viatu vyake, akatoka amembeba Kabula mikononi.

Alikuwa mlegevu kama nguo iliyoloa. Mguu mmoja ulikuwa umeungua kuanzia unyayo mpaka chini ya goti, na kifua chake kilipanda kwa shida, kwa mivuto mifupi. Macho yalikuwa wazi. Midomo ilikuwa imebanwa, imebanwa kwa nguvu, mpaka imekuwa myeupe pembeni. Bibi alimpigapiga mashavu, akamwambia kwa Kiswahili chake cha sokoni, "Lia, mwanangu! Lia!" Kabula alinitazama mimi juu ya bega la bibi, na hakulia.

Wakampakia kwenye pikipiki, bibi amemkumbatia, baba mdogo anaendesha, wakapanda mlima kwenda hospitali mjini. Nikabaki na shimo. Nilisikia pikipiki ikizama kwenye kona, ikitokea tena, mpaka haikusikika. Halafu nikafanya jambo ambalo kwa miaka mingi nililificha kuliko mengine yote. Niliuchukua mti wa maparachichi nikaurudisha mahali pake nyuma ya nyumba. Nikachukua tawi nikafuta nyayo zetu, zile za kwenda kinyumenyume. Nilifuta vizuri, nikarudi kuangalia, nikaona kisigino kimoja kimebaki, nikakifuta.

Jioni bibi alirudi peke yake, nguo zake zinanuka moshi. Hakuniketisha. Aliniuliza akiwa amesimama mlangoni.

"Nilikuambia umwambie. Ulimwambia?"

"Nilimwambia, bibi."

"Akasemaje?"

"Hakusikia. Alikimbilia kule mwenyewe."

Bibi alinitazama kwa muda, akaingia ndani. Kesho yake shangazi akafika kutoka Kaniha, amesafiri tangu alfajiri, kanga imefungwa vibaya. Nikamwamkia, "Shikamoo, shangazi," akaitikia bila kuniona. Bibi akamweleza: mtoto alikatazwa, hakusikia. Shangazi akakaa chini ghafla, akasema, "Ni mkaidi. Nimemzaa mkaidi." Nilikuwa karibu kabisa naye, ningeweza kumgusa mkono, na maneno yote niliyohitaji nilikuwa nayo kwa lugha mbili.

Kwa siku kadhaa hatukujua kama Kabula atapona. Waliorudi kutoka hospitali walizungumzia kifua zaidi kuliko mguu. Moshi ulikuwa umeingia ndani sana. Nyumbani hakuna aliyewasha televisheni. Usingizi wangu ulikuwa wa kuhesabu. Niliporuhusiwa kwenda kumwona, alikuwa amelala ubavu, mguu umefungwa, sauti yake imebaki kama karatasi inayokunjwa. Shangazi alipotoka kwenda kuchota maji, Kabula aliniita nisogee.

"Nilitoa sauti?"

"Hapana."

"Hata kidogo?"

"Hata kidogo."

Akafumba macho. "Basi nimeshinda," akasema.

Alipona, lakini mguu ule ulikauka kwa kujikunja na anatembea akiutupa kidogo kwa nje. Shangazi alimchukua, na kwa miaka mingi hakumleta tena Ngara. Posa ya baba mdogo ilikwenda na soda.

Miezi baadaye baba mdogo alileta CD nyingine, ya kwaya. Aliitia kwenye deki bila matumaini, akiwa tayari na bisibisi mkononi. Sauti ikalipuka. Kinanda, ngoma, akina mama wakiimba kwa nguvu zao zote, mpaka kuku wakaruka uani. Spika hazikuwa na ubovu wowote, wala hazikuwahi kuwa nao. Baba mdogo alicheka, akajipiga paji la uso, akasema, "Kumbe zile filamu ndivyo zilivyo! Kumbe watu wale walipigwa picha bila sauti!" Bibi naye akacheka, kwa mara ya kwanza tangu siku ile.

Mimi nilitoka nje. Nilikwenda mpaka kwenye migomba nikasimama. Nilikuwa nimeelewa kitu, na kilikuwa kinakua kila nilivyokigusa. Wale watu hawakuwa na siri. Hakuna aliyewafundisha kuzuia chochote. Mtu aliyepigwa ubao huenda alipiga kelele, aliyetoka juu ya paa huenda alimwita mama yake. Ni sisi tu, tuliokaa kwenye mkeka tukicheka, ambao hatukuwa na njia ya kuwasikia. Midomo yao ilikuwa wazi wakati wote. Nilikuwa nimeitazama midomo hiyo mara mia, na nikaenda kumfundisha mtoto kuufunga wa kwake.

Hata hivyo sikusema. Nilikuwa kijana, nikawa mtu mzima, nikaanza kuangusha watu kwenye simu na kupata wanaonifuatilia, nikawa maarufu kidogo kwa usafi wa kazi yangu. Bibi alifariki akiamini alichoambiwa. Kabula alikua akiitwa mtoto asiyesikia, na hilo likawa jina la utani kwao. Shangazi alilitumia hata kwa kumsifia.

Baada ya harufu ile ya wiki iliyopita nilimpigia shangazi. Nilikuwa nimeandika cha kusema, nikakisoma, kikaonekana kimepangwa mno, nikaacha karatasi nikasema hovyo. Nilimwambia kuhusu maneno ya bibi na yale niliyompelekea Kabula badala yake. Nilimwambia kuhusu mti na nyayo. Kisha nikasikia simu ikihamia mkono mwingine, na akaja Kabula, ambaye sasa ana mtoto wake mwenyewe. Nilimsikia mtoto huyo akilia kwa nguvu karibu na simu.

"Kwa hiyo hukuniambia," akasema.

"Sikukuambia."

"Unajua mimi nakumbuka uliniambia? Nakumbuka kabisa. Miaka yote nimekumbuka unaniambia nisiende, na mimi naenda." "Sasa hiyo kumbukumbu niipeleke wapi?"

Kilichobadilika ni kwamba wanajua. Kabula hajanipigia tangu siku ile, nami sijamsukuma. Shangazi naongea naye. Nikimwamkia bado anaitikia marahaba, ila sasa anachelewa kidogo.